Kerneli moja, kadi tatu: kiwango wazi kinaahidi nini hasa?

Swali

Nimeandika kerneli, yaani programu ndogo ya kuendeshwa kwenye kadi ya grafiki, kwa OpenCL, kiwango wazi cha kuprogramu kadi za watengenezaji tofauti. Inajumlisha safu ya namba milioni 20 za desimali, za biti 32, na nimeiambatisha. Kwenye kadi ya NVIDIA inafanya kazi bila shida. Kwenye kadi ya AMD ilikataa kuanza, ikarudisha CL_INVALID_WORK_GROUP_SIZE, mpaka nilipopunguza kikundi cha nyuzi, yaani mikondo ya kazi inayoendeshwa pamoja, kutoka 1024 hadi 256. Kwenye kompyuta mpakato yenye grafiki ya Intel, hata kwa kikundi cha 256, jumla si sahihi, na kila nikirudia inabadilika. Halafu hata pale NVIDIA na AMD zinapokubaliana, jibu lao halilingani na la kitanzi cha kawaida cha C kwenye prosesa kuu. Nilidhani kiwango wazi maana yake ni kuandika mara moja na kuendesha popote. Wenzangu wanasema OpenCL imekufa, nihamie SYCL au Vulkan, viwango wazi vingine, au nirudi tu kwenye CUDA ya NVIDIA. Nifanye nini?

Jibu

Kabla ya kugusa kerneli uliyoiambatisha, tuelewane kuhusu kiwango chenyewe. OpenCL ni mkataba kati ya mwandishi wa programu na mtengenezaji wa kifaa. Unaeleza kila amri ina maana gani, kilichoandikwa kwenye kumbukumbu kitaonekana lini na kwa nani, na hesabu inaruhusiwa kukosea kwa kiasi gani. Haupangi kadi itatembeza nyuzi ngapi kwa pamoja, haulazimishi ukubwa mmoja wa kikundi, na kuhusu kasi hauna neno. Kwa hiyo jibu sahihi kutoka kwenye kadi ya NVIDIA halikuthibitisha kwamba kerneli yako inafuata OpenCL. Lilithibitisha tu kwamba inaelewana na kadi ile. Mambo matatu uliyokutana nayo yana sababu tatu tofauti, na ni moja tu lililo kosa la kweli ndani ya msimbo wako: lile la Intel. Hilo nitalishughulikia kwa kirefu.

Kerneli yako inajumlisha kwa kukunja safu nusu kwa nusu ndani ya kumbukumbu ya kikundi. Kila hatua, nusu ya kwanza ya nyuzi inajiongezea thamani za nusu ya pili, kisha nyuzi zote zinasubiriana kwenye kizuizi, `barrier(CLK_LOCAL_MEM_FENCE)`, na hatua inayofuata inaanza. Hadi hapo ni sawa kabisa. Lakini zikibaki nyuzi 32 umeondoa vizuizi vyote. Umeandika hatua sita mfululizo, `t[lid] += t[lid + 32]` (`lid` ikiwa namba ya uzi ndani ya kikundi), kisha 16, 8, 4, 2, 1, bila kizuizi hata kimoja katikati, na neno `volatile`, linalolazimisha kumbukumbu isomwe upya kila mara, juu ya safu. Mtindo huu umeenea sana. Ulianzia kwenye mafunzo ya zamani ya CUDA, watu wakaunakili kwenye OpenCL bila kujiuliza unategemea nini.

Unategemea umbo la kadi. NVIDIA hutembeza nyuzi kwa vikosi vya 32, na kwa miaka mingi nyuzi 32 za kikosi kimoja zilitekeleza amri ile ile kwa wakati ule ule. Uzi wa 0 ulipokuwa unasoma `t[16]` ulikuwa na uhakika kwamba uzi wa 16 umeshamaliza hatua iliyotangulia. Kadi za AMD hutumia vikosi vya 32 au 64 kutegemea kizazi, kwa hiyo nazo zimekuvumilia. Kwenye grafiki ya Intel, kompaila, yaani programu inayotafsiri msimbo kuwa amri za kadi, ndiyo inayoamua upana wa kikosi kwa kila kerneli, na unaweza kuwa 8, 16 au 32. Ikichagua 16, nyuzi 0 hadi 15 ni kikosi kimoja na 16 hadi 31 ni kingine, na hakuna kinachovilazimisha kwenda sambamba. Uzi wa 0 unasoma `t[16]` wakati uzi wa 16 pengine bado haujaongeza `t[48]`. Mara nyingine unawahi, mara nyingine unachelewa, ndiyo maana jumla yako inabadilika kila ukirudia. Jibu linalobadilika bila data kubadilika karibu kila mara linatokana na nyuzi kuwahiana kwenye kumbukumbu. Anza kutafuta hapo kabla ya kulaumu draiva.

Na usifikiri kwamba NVIDIA yenyewe bado inakupa dhamana hiyo. Tangu kizazi cha Volta cha 2017, kila uzi una mwendo wake hata ndani ya kikosi, na CUDA 9 ilileta `__syncwarp` ili mwandishi aseme wazi anapotaka nyuzi zisubiriane. Kerneli yako inafanya kazi pale kwa bahati ya kompaila. Toleo jipya la draiva linaweza kuiondoa bahati hiyo bila mtu yeyote kuvunja mkataba.

Dawa ni fupi kuliko msimbo wako wa sasa:

```
t[lid] = x;
barrier(CLK_LOCAL_MEM_FENCE);
for (uint s = get_local_size(0) / 2; s > 0; s >>= 1) {
    if (lid < s)
        t[lid] += t[lid + s];
    barrier(CLK_LOCAL_MEM_FENCE);
}
```

Angalia kizuizi kilipo: nje ya `if`. Kiwango kinataka nyuzi zote za kikundi zifike kwenye kizuizi, au usifike hata mmoja. Ukikiingiza ndani ya sharti ambalo baadhi ya nyuzi hazilitimizi, kiwango hakikuahidi lolote. Kadi moja itakwama, nyingine itapita kana kwamba hakuna kilichotokea, na hii ya pili ndiyo mbaya zaidi. Msimbo huu unahitaji pia saizi ya kikundi iwe kipeo cha 2, yaani 64, 128, 256 na kuendelea. `volatile` haihitajiki tena.

Utaniuliza kuhusu kasi uliyokuwa unaitafuta kwa kuondoa vizuizi. Njia halali ipo. OpenCL 2.0 ilileta `work_group_reduce_add`, inayojumlisha kikundi kizima kwa amri moja, na 2.1 ikaingiza kwenye kiini chake kazi za vikosi kama `sub_group_reduce_add`. Kwa kutumia hizi, kompaila inayoujua upana halisi wa kikosi ndiyo inayochagua njia, nawe hukisii. Katika OpenCL 3.0 zote mbili ni za hiari, kwa hiyo kiulize kifaa kwanza, kwa mfano kupitia `CL_DEVICE_WORK_GROUP_COLLECTIVE_FUNCTIONS_SUPPORT`, na uweke kitanzi hicho hapo juu kama njia ya akiba. Binafsi ningeanza na kitanzi peke yake. Kwa kazi ya kujumlisha, tofauti ya kasi ni ndogo kuliko watu wanavyodhani, kwa sababu nitakayoieleza mwishoni.

Kuna tahadhari moja ambayo hukuiuliza, lakini nimeona umeacha maoni ndani ya msimbo kwamba unafikiria kuvifanya vikundi visubiriane ili kila kitu kiishe ndani ya kerneli moja. Usifanye hivyo. Kizuizi kinafanya kazi ndani ya kikundi kimoja tu, na kiwango hakiahidi kwamba vikundi vyote vitakuwa kazini kwa wakati mmoja. Kikundi kinachozunguka kikimsubiri mwenzake kinaweza kuwa ndicho kilichoikalia nafasi ambayo huyo mwenzake anaihitaji ili aanze, na programu haitaisha. Toa jumla ndogo moja kwa kila kikundi, kisha endesha kerneli ya pili juu ya hizo jumla ndogo. Mwisho wa kerneli moja na mwanzo wa nyingine kwenye foleni inayofuata mpangilio ndio mahali salama pa kusubiriana.

Suala la AMD ni jepesi. Ukubwa wa juu wa kikundi si sehemu ya ahadi, kila kifaa hutangaza wake, na kadi nyingi za AMD chini ya OpenCL hutangaza 256. Uliza `CL_DEVICE_MAX_WORK_GROUP_SIZE`, lakini usiishie hapo. Uliza pia `CL_KERNEL_WORK_GROUP_SIZE` kupitia `clGetKernelWorkGroupInfo`, kwa sababu kerneli inayotumia rejista nyingi, zile nafasi ndogo za haraka ndani ya kadi, inaweza kuruhusiwa kikundi kidogo kuliko upeo wa kifaa. Kinachodaiwa kwa wote ni kumbukumbu ya kikundi isiyopungua kilobaiti 32 kwenye wasifu kamili, na kikundi cha nyuzi 256 za desimali za biti 32 kinatumia kilobaiti 1 tu. Huko huna wasiwasi. Namba 1024 ikiandikwa moja kwa moja ndani ya msimbo ni dhana ya kadi moja, itoe.

Sasa tofauti na prosesa kuu. Hapa umemshuku asiye na kosa. Namba ya desimali ya biti 32 ina biti 24 za tarakimu, kwa hiyo inaweza kushika kila namba nzima mfululizo hadi 16,777,216 tu. Fanya jaribio hili: jaza safu yako 1.0 kila mahali, kisha ijumlishe kwa kitanzi chako cha C chenye kigeu cha jumla cha biti 32, bila `-ffast-math`, chaguo linaloiruhusu kompaila kupanga hesabu upya. Kitaishia 16,777,216 na kuganda hapo, kwa sababu kuongeza 1 juu ya namba hiyo kunarudisha namba ile ile baada ya kukadiriwa. Kerneli yako itatoa 20,000,000 kamili, kwa sababu inajumlisha vikundi vidogo kwanza na kuunganisha jumla zinazokaribiana ukubwa. Kwenye data yako halisi jambo ni lile lile kwa sura isiyo wazi sana: ulichokifanya kuwa kipimo cha ukweli ndicho chenye makosa makubwa zaidi. Linganisha na jumla iliyofanywa kwa biti 64 kwenye prosesa kuu, kisha ukubali tofauti ndogo iliyopimwa kwa uwiano, si usawa wa tarakimu kwa tarakimu.

Tofauti ndogo zitabaki hata baada ya hapo, na kiwango kinaziruhusu kwa maandishi. Kwa biti 32, kujumlisha, kutoa na kuzidisha lazima kukadiriwe sawasawa, lakini kugawanya kunaruhusiwa kukosea hadi 2.5 ULP na kipeuo cha pili hadi 3 ULP, ULP moja ikiwa ni hatua kati ya namba mbili zinazofuatana. Tena kompaila inaruhusiwa kuunganisha kuzidisha na kujumlisha kuwa amri moja inayokadiria mara moja tu. Ruhusa hiyo iko wazi tangu mwanzo. Ukitaka kuifunga andika `#pragma OPENCL FP_CONTRACT OFF`. Namba ndogo mno zilizo karibu na sifuri nazo baadhi ya vifaa huzifanya sifuri. Nakushauri usome jedwali la makosa yanayoruhusiwa ndani ya maelezo ya OpenCL. Ni kurasa chache na yanapatikana bure kwa yeyote. Watu wengi hukesha wakitafuta hitilafu ambazo jedwali lile lingezieleza kwa mstari mmoja.

Ili usirudi kwenye hali hii, jaribu kerneli kwenye vifaa visivyofanana kabla ya kuiamini. Huhitaji kununua kadi zaidi. PoCL inaendesha OpenCL juu ya prosesa kuu na hupanga nyuzi kwa namna tofauti kabisa na kadi za grafiki, kwa hiyo hufichua dhana nyingi za aina hii. Oclgrind, kiigaji cha kifaa cha OpenCL kilichotoka Chuo Kikuu cha Bristol, ni ya polepole lakini ukiiwashia `--data-races` hukuonyesha sehemu ambapo nyuzi mbili zimegongana. Kwa kerneli yako ya sasa naamini ingeonyesha mstari wenyewe. Na endesha `clinfo`, programu inayoorodhesha sifa za vifaa vya OpenCL, kwenye kila mashine, uhifadhi matokeo yake pamoja na mradi.

Kuhusu OpenCL kufa, wenzako wana ushahidi, ila hitimisho lao limezidi. Apple ndiyo iliyoianzisha na kuipeleka Khronos Group, muungano wa makampuni unaotunza pia Vulkan, SYCL na OpenGL. Toleo 1.0 liliidhinishwa Desemba 2008, na 1.2 likatoka 2011. Toleo 2.0 la 2013 lilidai mambo mengi mazito kwa mpigo, kama kumbukumbu pepe ya pamoja na kerneli zinazozindua kerneli nyingine. Watengenezaji hawakulifuata kwa usawa. NVIDIA ilibaki 1.2 kwa miaka mingi. Mwaka 2018 Apple ilitangaza kwamba haipendekezi tena OpenCL kwenye mifumo yake, na Blender, programu ya picha za 3D, iliiondoa kwenye toleo lake la 3.0 mwishoni mwa 2021 ikilalamikia hitilafu za draiva na kusimama kwa kiwango. Hayo yote ni kweli na ni hasara.

Lakini Septemba 2020 toleo 3.0 lilifanya jambo ambalo naliona la busara sana: lilirudisha sharti la lazima kwenye kiini cha 1.2, na kila kilicholetwa na 2.x kikawa cha hiari kinachoulizwa kimoja kimoja. Baada ya hapo NVIDIA nayo ikaja na 3.0. Mradi wa Mesa, wa draiva huria za grafiki, una Rusticl, utekelezaji mpya ulioandikwa kwa Rust, na darktable bado inachakata picha kwa OpenCL. Mtengenezaji anayetaka kutumia jina la kiwango lazima kifaa chake kipite majaribio ya ulinganifu, na msimbo wa majaribio hayo uko wazi, unaweza kuuendesha mwenyewe. Kerneli yako, ikisharekebishwa, haitumii chochote kinachozidi 1.2. Iko kwenye sehemu imara kabisa ya kiwango.

SYCL ni jambo jingine. Ni C++ ya kawaida, toleo la SYCL 2020 likijengwa juu ya C++17, na msimbo wa kadi na wa prosesa kuu unakaa kwenye faili moja ukikaguliwa na kompaila moja. Zipo kompaila mbili za kuangalia kwa makini, DPC++ ya Intel na AdaptiveCpp, na zote zinaweza kulenga kadi za Intel, NVIDIA na AMD. Kujumlisha kumo ndani ya lugha kama `sycl::reduction`, kwa hiyo kosa lako la Intel usingekuwa na mahali pa kulifanyia. GROMACS, programu kubwa ya kuiga mwendo wa molekuli, hutumia SYCL kwa kadi za AMD na Intel, ikiwemo kwenye kompyuta kuu ya LUMI nchini Finland. Kama mradi wako utakua kuwa maelfu ya mistari ya C++ na unaujenga mwenyewe kwenye mashine unazozijua, hamia huko. Nitakusaidia kwa furaha.

Vulkan sikupendekezei kwa kazi hii. Tangu ilipotoka Februari 2016 imekuwa na draiva zinazotunzwa vizuri kwa sababu michezo inazihitaji, na kwenye simu za Android ndiyo njia unayoweza kuitegemea. Anayesambaza programu kwa watumiaji asiojua wana kadi gani ana sababu nzuri ya kuichagua, na llama.cpp, programu ya kuendesha modeli za lugha, ni mfano mzuri wa hilo. Lakini utaandika mamia ya mistari ya kutenga kumbukumbu na kupanga foleni kabla ya kujumlisha namba mbili, na ahadi zake za chini ni finyu zaidi: Vulkan 1.0 inadai nyuzi 128 tu kwa kikundi. Nayo CUDA, iliyopo tangu 2007, ina zana bora za kutafuta makosa kuliko zote nilizozitaja. Kama mashine zako zote zingekuwa za NVIDIA na zitabaki hivyo, ningekuambia utulie nayo. Wewe una mashine za watengenezaji watatu.

Kabla ya kuhamia popote, pima. Namba zako milioni 20 ni megabaiti 80. Kadi inayosoma kumbukumbu yake kwa gigabaiti 400 kwa sekunde huzipitia ndani ya sehemu ya tano ya milisekunde. Kuzifikisha kwenye kadi kupitia kiunganishi cha PCIe 3.0 chenye njia 16, ambacho kinadharia hakivuki gigabaiti 16 kwa sekunde, kunachukua milisekunde 5, yaani mara 25 zaidi. Ndiyo maana vizuizi ulivyoviondoa havikukupa faida ya maana. Ikiwa data inazaliwa kwenye prosesa kuu na kazi pekee ni kuijumlisha, iache huko huko. Ikiwa iko kwenye kadi tayari kwa hatua nyingine, ijumlishe hapo bila kuirudisha. Kwenye mpakato wako wa Intel, kadi na prosesa kuu zinatumia kumbukumbu moja, hivyo tengeneza bafa kwa `CL_MEM_ALLOC_HOST_PTR` na uifikie kwa `clEnqueueMapBuffer` badala ya `clEnqueueWriteBuffer`, na kwa kawaida nakala nzima ya megabaiti 80 inaondoka. Washa `CL_QUEUE_PROFILING_ENABLE` kwenye foleni, usome muda wa kila tukio peke yake, uhamishaji mbali na kerneli, kisha unitumie namba hizo kwa mashine zote tatu tuone kinachobaki cha kuboresha.